Chumba kimoja, vitanda vitatu: tathmini yangu ya makazi ya muda jijini London

Huduma ninayoitathmini hapa haichaguliwi na mtu. Ni makazi ya muda ambayo halmashauri za Uingereza zinalazimika kisheria kuwapa baadhi ya watu waliopoteza nyumba, na mimi na wanangu wawili tumo ndani yake tangu Septemba 2023. Halmashauri yetu sitaitaja, kwa kuwa niliyoyaona kwake yanafanana na waliyonisimulia akina mama wa halmashauri nyingine nne za jiji hili. Ninaandika kwa Kiswahili kwa sababu katika korido za makazi haya nimekutana na Watanzania, Wakenya, Wakongo na Wasomali waliokulia Mombasa, na wengi wao hawajawaambia ndugu zao kwamba hawana nyumba. Simu ya video ikipigwa kutoka nyumbani, mtu hugeuza kamera ielekee dirishani ili mama yake aone miti ya nje na asione chumba. Nami nilifanya hivyo kwa miezi mitano.

Nianze na namna tulivyofika huko, kwa sababu wengi hudhani mtu hupoteza nyumba kwa ulevi au uvivu. Mimi ni msaidizi wa wauguzi hospitalini, nina ajira ya kudumu, na kwa miaka sita nililipa kodi ya pango bila kuchelewa hata mwezi mmoja. Februari 2023 mwenye nyumba aliamua kuuza, akaniletea notisi ya miezi miwili chini ya kifungu cha 21 cha Sheria ya Nyumba ya mwaka 1988, kifungu kilichomruhusu kumtoa mpangaji bila kueleza sababu yoyote. Hakunitukana wala hakunifungia mlango. Alifuata sheria kama ilivyoandikwa. Kumalizika kwa mkataba wa kupanga nyumba ya mtu binafsi ni mojawapo ya sababu mbili kubwa zinazowafanya watu wa England wakose makazi, na nyingine ni jamaa au marafiki kushindwa kuendelea kumhifadhi mtu.

Ukitaja watu wasio na makazi, wengi humfikiria mwanamume aliyejifunika blanketi kando ya kituo cha treni. Yupo kweli, na wenzake wanaongezeka: usiku mmoja wa vuli ya mwaka 2024 walihesabiwa watu 4,667 waliolala nje kote England, ilhali hesabu ya namna hiyo mwaka 2010 ilikuwa 1,768. Lakini tarehe 31 Machi 2025 kaya zilizokuwa katika makazi ya muda zilifika 131,140, zikiwa na watoto 169,050. Umoja wa halmashauri za London umekadiria kwamba katika jiji hili mtu mmoja kati ya kila 50 hana makazi yake mwenyewe. Hao huwaoni barabarani, kwa sababu asubuhi wanavaa sare za shule na za kazi kama watu wengine wote, na jioni wanarudi katika vyumba kama kile nitakachokieleza.

Hatua ya kwanza ya huduma ni ofisi. Nilikwenda wiki ile ile niliyopewa notisi, nikiwa na mkataba, hati za mshahara na vyeti vya kuzaliwa vya watoto ndani ya bahasha. Kwa karatasi, hatua hii imepangwa vizuri, na nasema hivyo kwa dhati. Sheria ya Kupunguza Ukosefu wa Makazi ya mwaka 2017, iliyoanza kutumika Aprili 2018, inaitaka halmashauri ianze kumsaidia mtu siku 56 kabla hajapoteza nyumba, na imwandikie mpango wake binafsi wa makazi. Wangu ulikuwa na kurasa tatu. Majukumu ya halmashauri yalijaa nusu ukurasa, na yangu yalijaa zilizobaki: nipige simu kwa madalali, nitafute nyumba ninayoimudu, nipanue eneo la kutafuta, nirudi na ushahidi wa simu nilizopiga.

Afisa aliyenipokea alikuwa kijana mpole, macho mekundu kwa uchovu, na mezani pake faili zilikuwa zimepangwa mpaka usawa wa kifua. Alinisikiliza. Kisha akaniambia kwa sauti ya chini nisitoke ndani ya nyumba mpaka waje madalali wa mahakama, kwani nikitoka mapema ninaweza kuhesabiwa kuwa nimejikosesha makazi kwa makusudi, na hapo haki yangu ingepotea. Kwa hiyo kuanzia Aprili hadi Septemba niliishi katika nyumba ambayo niliambiwa na mwenyewe nitoke na nikaambiwa na halmashauri nikae, nikaitwa mahakamani kama mkorofi, na mwisho nikabebeshwa gharama za kesi. Mwongozo wa serikali wenyewe unazitaka halmashauri zisimwache mtu afikishwe hapo. Wanamwacha kwa sababu kila wiki anayokaa kwenye nyumba ya zamani ni wiki moja ambayo hawajaanza kumlipia chumba. Katika huduma yote hii, ushauri huo ndio ulioniumiza kuliko chumba chenyewe, maana ulinifundisha kuogopa mlio wa kengele ya mlango, na mwanangu mdogo akajifunza kwangu.

Miezi hiyo mitano sikukaa bure. Nilipiga simu kwa madalali wa nyumba hamsini na tatu, nimehifadhi daftari. Posho ya nyumba, yaani ruzuku ya kodi ambayo hata mtu mwenye kazi ya kipato kidogo huipata, ilikuwa imegandishwa kwa viwango vya mwaka 2020 huku kodi za London zikipanda, na kila nyumba niliyoikaribia ilizidi uwezo wangu kwa pauni 500 na zaidi kila mwezi. Posho hiyo ilipoanza mwaka 2008 ilipimwa kwa kodi ya katikati ya soko la eneo lako. Mwaka 2011 ikashushwa ili itoshe tu zile nyumba 30 za bei ya chini katika kila 100. Kuanzia 2016 ikagandishwa miaka minne. Ikapandishwa wakati wa korona, ikagandishwa tena mpaka Aprili 2024, na baada ya kurekebishwa ikaachwa hapo hapo. Anayetaka kuelewa kwa nini muuguzi msaidizi, dereva wa basi na mpishi wa shule wanakutana kwenye foleni ya ofisi ya makazi, aisome historia hiyo ya posho, kisha ailinganishe na bei zilizobandikwa kwenye dirisha la dalali yeyote.

Madalali wa mahakama walikuja saa nne asubuhi, watu wawili, wakabadilisha kitasa. Saa kumi na moja jioni halmashauri ikanipa anwani ya hoteli.

Ilikuwa hoteli kwa jina. Wasafiri walikoma kufika miaka mingi nyuma, na ghorofa zote tatu zilikuwa zimejaa familia zilizoletwa na halmashauri mbalimbali. Chumba chetu kilikuwa na kitanda kikubwa kimoja, kitanda cha kukunja, na godoro la tatu lililosimamishwa ukutani mchana ili tupate njia ya kupita. Kulikuwa na friji ndogo, birika la umeme, na dirisha ambalo pembe zake zilikuwa nyeusi kwa kuvu. Kila asubuhi nilifuta maji kwenye kioo kwa kitambaa, na kila jioni weusi ulirudi. Jiko lilikuwa chini, la familia kumi na moja, lenye majiko mawili ya umeme ambayo moja lilikuwa na sahani mbili zilizokufa, na mlango wake ulifungwa saa tatu usiku. Binti yangu, aliyekuwa ameanza sekondari mwezi uleule, alifanyia kazi zake za shule juu ya sanduku la nguo. Mdogo wake wa miaka mitano alikula wali akiwa amekaa kitandani, nami nikitandika taulo chini ya sahani.

Kwetu pwani nyumba ni sitara kabla haijawa kitu kingine chochote, na hapo ndipo huduma hii iliposhindwa kabisa. Binti anayeanza kukua hakuwa na pahali pa kubadilisha nguo ila chooni, na choo chenyewe kilikuwa nje, kwenye korido inayopitwa na watu wazima tusiowajua. Nilikuwa nikisimama mlangoni mpaka amalize kuoga. Nilisali nikiwa nimeelekea kabati, kwa kuwa upande huo ndio pekee uliokuwa na nafasi ya mkeka, na namshukuru Mungu kwamba kibla kiliangukia karibu na hapo. Mambo haya hayamo kwenye fomu yoyote ya malalamiko. Fomu inauliza kama kuna panya, kama maji ya moto yapo, kama taa inawaka.

Kanuni moja ya hoteli ilinigharimu kuliko zote. Wageni walikatazwa kuingia vyumbani, na kila mkazi alitakiwa kutia saini kila siku kuonyesha kwamba bado analala pale. Kwa miaka yote hiyo nilifanya zamu za usiku, kwa sababu zinalipa zaidi na kwa sababu dada yangu alikuwa akija kulala na watoto. Dada hakuruhusiwa kuvuka mapokezi. Nikaomba kuhamishiwa zamu za mchana, mshahara ukapungua, na pale ambapo mpango wangu binafsi wa makazi ulinitaka niweke akiba ya amana ya nyumba mpya, sikubaki na cha kuweka. Sidhani aliyeitunga kanuni hiyo alikusudia kumfukarisha mtu. Aliitunga kwa ajili ya mkazi wa siku tatu, halafu ikatumika kwa mkazi wa miezi miwili.

Sheria inasema, kwa agizo la mwaka 2003, kwamba familia yenye watoto isiwekwe kwenye hoteli ya namna hii isipokuwa pale ambapo hakuna pengine, na hata hapo isizidi wiki sita. Mimi siku ya arobaini na tatu nilimwandikia afisa barua pepe. Alinijibu kwa adabu kwamba anajua. Tulikaa wiki tisa na siku nne.

Tulipohamishwa, tulipelekwa katika fleti ndogo kwenye halmashauri nyingine kabisa, upande wa pili wa jiji. Hapa nataka niitendee huduma haki. Fleti ina chumba kimoja cha kulala na sebule, ina mlango unaofungwa kwa ufunguo wetu, na ina jiko. Usiku wa kwanza nilikuna nazi iliyokuwa imekaa kwenye mfuko tangu tulipotoka nyumbani, nikidhani imeharibika, kumbe nzima, nikapika wali na samaki, na mwanangu mdogo akaniuliza kama jiko hili nalo litafungwa saa tatu. Januari 2024 ilikuja barua ya halmashauri kukubali kwamba inawajibika kwetu kikamilifu, na tangu siku hiyo haiwezi kututoa hivi hivi bila kutupa pengine. Katika nchi nyingi tajiri, haki ya namna hiyo haipo.

Kasoro ya fleti ni umbali. Shule ya watoto ilibaki kule kule, basi mbili na saa moja na dakika ishirini kila upande. Kuwahamisha shule sikuthubutu, kwani notisi ya kuhamishwa tena huweza kuja wakati wowote. Jirani yangu wa ghorofa ya chini, mama kutoka Bukavu, amehamishwa mara nne kwa miaka mitatu na binti yake amesoma shule tatu. Tulipokutana kwenye mashine za kufulia aliniambia, “Dada yangu, usifungue masanduku yote. Acha moja.” Nimeliacha moja. Lina nguo za baridi za mdogo, ambazo sasa hazimtoshi.

Halmashauri humlipa mwenye fleti hii kwa usiku, kama hoteli. Mwaka wa fedha 2024/25 halmashauri za England zilitumia pauni bilioni 2.8 kwa makazi ya muda, na kiasi ambacho serikali kuu huwarudishia kwa kila kaya bado kinakokotolewa kwa asilimia 90 ya viwango vya posho vya mwaka 2011. Tofauti inatoka kwenye mfuko uleule wa halmashauri unaolipia maktaba, wazee na walemavu. Hata tofali moja halinunuliwi kwa fedha hizo. Mwaka unaofuata zinalipwa tena, kwa vyumba vilevile, kwa wenye nyumba walewale, na baadhi ya vyumba hivyo vilijengwa na halmashauri zenyewe.

Jambo hili la mwisho sikulielewa mpaka nilipomuuliza mzee mmoja wa Jamaika, jirani wa kule tulikotoka, aliyenunua nyumba yake kwa halmashauri. Mwaka 1953 halmashauri za Uingereza zilijenga nyumba zaidi ya 200,000 kwa mwaka ule mmoja, ilhali nchi ilikuwa ndiyo kwanza inajikongoja kutoka vitani na baadhi ya vyakula bado vinauzwa kwa mgawo. Kisha Sheria ya Nyumba ya mwaka 1980, chini ya serikali ya Margaret Thatcher, ikampa mpangaji wa halmashauri haki ya kuinunua nyumba yake kwa punguzo kubwa. Tangu hapo England imeuza takriban nyumba milioni 2, na zilizojengwa kufidia ni chache mno. Mzee wangu alinunua, akasomesha watoto, na simlaumu. Ningekuwa yeye ningenunua pia. Lakini jirani yake alinunua akauza, aliyenunua kwake akapangisha, na leo nyumba hiyo inakodishwa kwa halmashauri kwa usiku ili kuwaweka watu waliokosa nyumba za halmashauri. Machi 2024 kaya zilizoandikishwa kusubiri nyumba hizo zilikuwa milioni 1.33. Sisi ni mojawapo. Kila wiki ninafungua tovuti na kuomba nyumba zilizotangazwa, na kwa kuwa wanangu ni wa kike na wa kiume tunahesabiwa kustahili vyumba vitatu vya kulala, ambavyo ni adimu. Nafasi ya juu kabisa niliyowahi kuiona kwenye orodha ni ya 94.

Kwa hiyo yule kijana wa ofisini simlaumu tena. Hana nyumba ya kunipa. Anagawa foleni.

Nimewasikia watu, hata kanisani na msikitini, wakisema wageni ndio waliojaza nafasi. Wanaosema hivyo hawajui kwamba mwenye viza ya kazi au ya masomo kwa kawaida haruhusiwi kabisa kuigusa huduma hii. Imeandikwa kwenye masharti ya viza yake kwamba hana haki ya fedha za umma. Vijana wetu wengi waliokuja kutunza wazee, ambao mwajiri wao amefilisika au amenyang'anywa leseni, wanalala kwenye makochi ya watu. Kwetu mgeni huhesabiwa siku mbili, ya tatu hupewa jembe. Hapa ya tatu hupewa nusu ya kodi asiyoweza kuilipa, na hakuna hesabu ya serikali inayomwona anapotoka na begi lake usiku.

Kwamba jambo hili lina njia, nimelishuhudia. Machi 2020, korona ilipoingia, serikali iliziambia halmashauri ziwaondoe nje wote wanaolala barabarani, na hadi Mei watu karibu 15,000 walikuwa wamewekwa hotelini na mahali pengine pa dharura. Fedha zilipatikana kwa wiki chache. Scotland nayo, tangu mwisho wa mwaka 2012, imeacha kuuliza kama mtu ana watoto au ni mgonjwa kabla ya kumpa haki ya makazi. England bado inauliza, na ndiyo maana mwanamume mzima asiye na maradhi huweza kutoka ofisini na karatasi ya ushauri tu mkononi. Kifungu cha 21 kilichonitoa mimi kimefutwa na Sheria ya Haki za Wapangaji iliyopitishwa Oktoba 2025, na nilipozisoma habari hizo nililia, ingawa zilinichelewea kwa miaka miwili.

Atakayelazimika kuitumia huduma hii, naomba ayashike machache niliyojifunza kwa kuumia. Nenda ofisini siku hiyo hiyo unayopata notisi, na ukiambiwa rudi baadaye, omba jibu hilo kwa maandishi. Usisaini mahali kwamba umekataa chumba; kipokee hata kama ni kibaya, kisha ulalamike ukiwa ndani, kwa kuwa halmashauri ikiona umekataa inaweza kuhesabu kwamba imemaliza wajibu wake. Ukipewa uamuzi usiokubaliana nao, una siku 21 za kuomba upitiwe upya, na siku hizo zinaanza kuhesabiwa ukiwa bado unatafuta pa kuweka masanduku. Shirika la Shelter, lililoanzishwa mwaka 1966 kwa ajili ya shida hii hii, hutoa ushauri wa sheria bure kwa simu, na mkalimani wa Kiswahili huweza kuombwa. Hesabu siku zako hotelini, na siku ya 43 andika barua.

Mwambie pia mtu mmoja nyumbani. Mimi nilimwambia mama yangu Februari 2024, usiku, nikaigeuza kamera polepole akaona godoro, sanduku na jiko. Alinyamaza kidogo, kisha akaniuliza kama mlango unafungwa kwa ndani. Nikamwambia unafungwa.